Nyota hafifu nyeupe-buluu: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Majibu haya ni kwa yeyote aliyekutana na nyota hafifu yenye rangi nyeupe-buluu, iwe kwenye darubini, kwenye picha au kwenye orodha ya data, akataka kujua ni kitu gani hasa: joto lake, umbali, ukubwa, masi na umri. Mifano imepigiwa hesabu hadi mwisho ili uifuate kwa kikokotoo.

Nyota hafifu na nyeupe-buluu: ni ndogo, au iko mbali tu?

Kwa rangi peke yake huwezi kujua. Rangi hueleza joto la uso wa nyota, basi. Umbali na ukubwa ni habari nyingine, na watu wengi hukosea hapa mwanzoni kabisa.

Chukua nyota tatu, zote zikiwa na magnitudo 9.5 (kipimo cha mwangaza, tazama swali linalofuata), zote nyeupe zenye dalili ya buluu. Ukizitazama kwa darubini ndogo huoni tofauti.

Ya kwanza ni nyota ya kawaida ya safu kuu, yaani inayounguza hidrojeni kama Jua. Ni ya aina A0V (herufi ni daraja la joto, O na B zikiwa za joto zaidi ya A; namba hugawa daraja hilo, 0 ikiwa ya joto zaidi; V ni safu kuu), yenye joto la kelvini 9,700 hivi na nusukipenyo mara 2.2 ya Jua. Ili ionekane hafifu kiasi hicho lazima iwe parseki 500 kutoka kwetu, yaani miaka nuru 1,630.

Ya pili ni nyota ya aina ya sdB: kiini cha nyota iliyowahi kuwa jitu jekundu, sasa kimevuliwa karibu hidrojeni yake yote na kinaunguza heli. Joto lake ni kelvini 28,000, nusukipenyo ni kama sehemu moja ya sita ya Jua, na umbali ni parseki 100.

Ya tatu ni kibete cheupe, yaani kiini kilichobaki cha nyota iliyomaliza kuunguza, nayo ipo kweli: 40 Eridani B, katika kundinyota la Nahari. Iko parseki 5 tu, miaka nuru 16.3, na nusukipenyo chake ni kilomita 9,100, kikubwa kidogo kuliko cha Dunia (kilomita 6,371).

Kati ya ya kwanza na ya tatu, mwanga wa kuonekana unaotoka unatofautiana mara 10,000. Ila ya kwanza iko mbali mara 100 zaidi, na kwa kuwa mwanga hupungua kwa kipeo cha pili cha umbali, mara 100 kwa mara 100 hurudisha hesabu palepale. Kinachozitenganisha ni paralaksi, yaani kusogea kudogo kwa nyota angani kunakotokana na Dunia kulizunguka Jua: nyota ikiwa karibu, paralaksi ni kubwa. Hupimwa kwa sekunde za tao (sekunde 3,600 ni nyuzi moja) na milisekunde zake. Ya A0V ina milisekunde 2 za tao, ya sdB 10, na ya 40 Eridani B 200. Ndiyo maana kabla ya kuuliza swali lolote kuhusu nyota ya namna hii, tafuta paralaksi yake.

Magnitudo inasomwaje?

Namba ikiwa kubwa, nyota ni hafifu zaidi. Hatua 5 za magnitudo ni sawa na mara 100 kamili, hivyo hatua moja ni mara 2.512. Kipimo hiki kiliwekwa sawa na Norman Pogson mwaka 1856. Jicho lisilo na kifaa, mahali penye giza la kweli, hufika magnitudo 6 au 6.5.

Magnitudo halisi ni ile ambayo nyota ingekuwa nayo kama ingewekwa parseki 10 kutoka kwetu. Kanuni yake ni hii, m ikiwa magnitudo unayoiona na d umbali kwa parseki:

M = m − 5 log d + 5

Kwa 40 Eridani B: log ya 5.01 ni 0.70, mara 5 ni 3.50. Hivyo M = 9.5 − 3.5 + 5 = 11.0. Jua lina 4.83.

Kwa nini kwa macho naiona nyeupe tu, wakati picha inaonyesha buluu?

Kwenye mwanga mdogo jicho hutumia seli ambazo hazitambui rangi. Seli za rangi zinahitaji mwanga wa kutosha kuamka. Nyota angavu kama Rigel inazifikia, nyota ya magnitudo 9 kwenye darubini ndogo haizifikii. Ukitaka kuona rangi, tumia darubini yenye kipenyo kikubwa zaidi, kisha legeza fokasi kidogo ili nukta igeuke kuwa kiduara: rangi hukaa vizuri zaidi kwenye kiduara kuliko kwenye nukta inayometameta. Usijaribu nyota ikiwa karibu na upeo wa macho. Huko angahewa hutawanya rangi, na hata nyota nyeupe hutoa cheche nyekundu na kijani.

Picha nazo zina ujanja wake. Programu nyingi hukoleza rangi, kwa hiyo ubuluu wa kwenye picha si kipimo.

Basi rangi inapimwaje kwa usahihi?

Kwa kupima magnitudo kupitia vichujio viwili na kutoa moja kwa nyingine. Jozi ya zamani na inayotumika hadi leo ni B (buluu) na V (kijani-njano). Tofauti B−V ikiwa karibu na sifuri, nyota ni nyeupe. Ikiwa hasi, inaelekea buluu. Ikiwa chanya, inaelekea njano na nyekundu. Vega ina 0.00, Jua lina 0.65, Betelgeuse ina karibu 1.85.

Kwa nyota za safu kuu zisizofunikwa na vumbi, uhusiano na joto uko hivi takriban: B−V ya −0.30 ni kelvini 30,000 au zaidi, −0.21 ni kelvini 20,000, −0.16 ni kelvini 15,500, 0.00 ni kelvini 9,700. Angalia jinsi mwisho wa buluu ulivyobanana. Kutoka kelvini 20,000 hadi 30,000, rangi inabadilika kwa chini ya sehemu moja ya kumi ya magnitudo. Kosa la upimaji la 0.03 tu linaweza kukupeleka mbali kwa maelfu ya kelvini. Sababu ni kwamba nyota ya joto hilo hutoa sehemu kubwa ya nishati yake kwenye urujuanimno. Hata ile ya kelvini 10,000 ina kilele kwenye nanomita 290, nje ya uwezo wa jicho. Vichujio vya B na V vinaona mkia tu wa mnunurisho, na mikia ya nyota za joto hufanana.

Data ya satelaiti Gaia hutumia jozi nyingine, BP na RP. Usichanganye namba zake na B−V. Ni mizani mbili tofauti.

Je, jedwali hilo linafaa kwa vibete vyeupe?

Halifai. Sirius B, kibete cheupe kinachoandamana na nyota Sirius, ina kelvini zaidi ya 25,000, lakini B−V yake iko karibu −0.03. Nyota ya safu kuu yenye joto hilo ingekuwa na −0.25 hivi. 40 Eridani B nayo ina kelvini 17,200 huku rangi yake ikikaa karibu 0.03, kama nyota ya A0 au A1. Anayetumia jedwali la nyota za kawaida atasema kelvini 9,500 na atakuwa amekosa karibu nusu ya joto. Kwenye uso wa kibete cheupe mgandamizo ni mkubwa mno, mistari ya hidrojeni (mapengo meusi ambayo hidrojeni huacha kwenye mwanga) hupanuka sana na kula mwanga wa kichujio cha buluu kuliko wa V. Tumia majedwali yaliyotengenezwa kwa ajili ya vibete vyeupe vyenye hidrojeni, au bora zaidi, tumia spektra, yaani mwanga wa nyota uliotawanywa katika rangi zake.

Vumbi linaharibu nini?

Vitu viwili kwa pamoja: linaifanya nyota ionekane hafifu zaidi na nyekundu zaidi kuliko ilivyo. Nyota ya B5V ina rangi ya asili ya −0.16. Ukiipima ukapata +0.10, ziada ya rangi ni 0.26. Zidisha kwa 3.1, ambayo ndiyo thamani ya kawaida kwa vumbi la galaksi yetu, upate upungufu wa magnitudo 0.81 kwenye V. Mtu aliyekadiria umbali kutokana na aina ya spektra bila kutoa vumbi hilo ataiweka nyota mbali mara 1.45 ya ukweli.

Nyota zilizo chini ya parseki 100 hazina tatizo hili kwa kiasi cha kujali. Kwa hiyo vibete vyeupe vya jirani vimepona, lakini nyota za B za mbali, ambazo hupenda kukaa kwenye bapa la Njia Nyeupe palipojaa vumbi, karibu zote zinahitaji marekebisho.

Paralaksi naipata wapi, na ina mitego gani?

Satelaiti Gaia ya shirika la anga la Ulaya, iliyorushwa Desemba 2013 na kumaliza kupima Januari 2025, imetoa paralaksi za zaidi ya nyota bilioni 1.4 katika toleo lake la tatu la data la Juni 2022. Kabla yake kulikuwa na Hipparcos, yenye nyota karibu 118,000. Umbali kwa parseki ni 1 ukigawanya kwa paralaksi ya sekunde za tao, au 1,000 ukigawanya kwa milisekunde.

Mitego ni hii.

Kwanza, linganisha paralaksi na kosa lake. Kosa likiwa chini ya asilimia 10, gawanya bila wasiwasi. Likizidi asilimia 20, kugawanya moja kwa moja kunaleta umbali uliopinda. Tumia makadirio ya kitakwimu yaliyochapishwa kwa ajili ya data hiyo. Kwa nyota za magnitudo 9 hadi 14 kosa la Gaia ni milisekunde 0.02 hadi 0.03, hivyo hata nyota yetu ya parseki 500 ina umbali mzuri. Kwenye magnitudo 20 kosa hufika 0.5, na hapo mambo hubadilika kabisa.

Pili, kuna hitilafu ndogo ya mfumo mzima: paralaksi za Gaia ziko chini kidogo, kwa milisekunde 0.02 hadi 0.04 kutegemea mwangaza na rangi. Kwa kibete cheupe cha jirani haina maana. Kwa nyota ya B iliyo parseki 3,000, yenye paralaksi ya 0.33, ni hadi asilimia 12.

Tatu, kwenye jedwali la data tazama safu ya RUWE, namba ya ubora wa vipimo. Ikizidi 1.4, mfano wa nyota moja haukukaa vizuri kwenye vipimo, mara nyingi kwa sababu kuna mwenza asiyeonekana anayeiyumbisha. Paralaksi ya nyota kama hiyo usiiamini mpaka uthibitishe kwa njia nyingine.

Nikishapata joto na umbali, nusukipenyo nakipataje?

Tufuate 40 Eridani B. Una V = 9.5, umbali wa parseki 5.01 na joto la kelvini 17,200.

Hatua ya kwanza tumeshaifanya: magnitudo halisi ni 11.0.

Hatua ya pili ni kuongeza mwanga ambao kichujio cha V hakikuuona. Kwa nyota ya A0 nyongeza ni −0.24, kwa B5 ni −1.35, kwa B2 ni karibu −2.0. Kwa kibete cheupe cha kelvini 17,200 ni karibu −1.6. Magnitudo ya mionzi yote inakuwa 11.0 − 1.6 = 9.4.

Hatua ya tatu ni mng'aro, yaani nguvu yote ya mionzi, kwa kipimo cha Jua. Jua lina 4.74 kwenye mizani hii. Tofauti ni 4.74 − 9.4 = −4.66, gawanya kwa 2.5 upate −1.86, kumi kwa kipeo cha −1.86 ni 0.0137.

Hatua ya nne: gawanya joto kwa 5,772, ambalo ndilo joto la uso wa Jua. Unapata 2.98, na kipeo chake cha pili ni 8.88. Kipeuo cha pili cha 0.0137 ni 0.117. Gawanya 0.117 kwa 8.88: nusukipenyo ni 0.0132 ya Jua. Zidisha kwa kilomita 695,700 upate kilomita 9,200. Upimaji makini unatoa 0.0131, kwa hiyo hesabu ya kikokotoo haijapotea.

Wengi huruka hatua ya pili. Ukiiruka hapa, mng'aro unatoka 0.0031, mdogo zaidi ya mara nne, na nusukipenyo kinapungua hadi nusu. Kwa nyota ya B0 kosa hilo ni kubwa zaidi, kwa sababu nyongeza inakaribia −3.

Jambo moja la kufariji: kosa la joto halidhuru nusukipenyo kama watu wanavyohofia. Joto likikadiriwa juu kwa asilimia 10, mng'aro nao unakadiriwa juu kwa sababu ya nyongeza kubwa zaidi, makosa hayo mawili yanavutana, na nusukipenyo hukosewa kwa asilimia 8 au 9 badala ya 20. Kosa la paralaksi halina msamaha huo: asilimia 10 ya paralaksi ni asilimia 10 ya nusukipenyo.

Masi ya nyota inajulikanaje?

Njia ya kuaminika kuliko zote ni nyota maradufu: pima mzingo na kipindi, kanuni za Kepler zinakupa masi. Sirius B ilitabiriwa kabla haijaonekana. Friedrich Bessel alitangaza mwaka 1844 kwamba Sirius inayumba kwa kuvutwa na kitu kisichoonekana, na Alvan Graham Clark akakiona Januari 1862 alipokuwa akijaribu lenzi mpya ya darubini ya inchi 18.5. Mzingo wake ni wa miaka 50, na masi yake ni 1.02 ya Jua.

Ikiwa nyota haina mwenza, unatumia uvutano wa uso unaosomwa kwenye upana wa mistari ya spektra. Wataalamu huuandika kama logi ya sentimita kwa sekunde mraba: nyota ya safu kuu ya A0 ina karibu 4, ya sdB karibu 5.5, kibete cheupe karibu 8. Ukiwa na namba hiyo na nusukipenyo, toa 4.44, ipandishe kumi kwa kipeo cha jibu, kisha zidisha kwa nusukipenyo, na uzidishe tena kwa nusukipenyo hichohicho. Kwa 40 Eridani B yenye 7.96 na nusukipenyo 0.0131, unapata 0.57 ya Jua, sawa na mzingo unavyosema. Lakini kosa dogo la 0.05 kwenye uvutano ni asilimia 12 ya masi, kwa hiyo njia hii inataka spektra nzuri.

Ya tatu ni ya vibete vyeupe peke yake. Mwanga unaopanda kutoka kwenye uvutano mkali hupoteza nishati, na mistari yote inasogea kuelekea nyekundu. Kwa Sirius B msogeo ni sawa na kasi ya kilomita 80 kwa sekunde. Walter Adams alipojaribu kuupima mwaka 1925 alipata kama kilomita 21, kwa sababu mwanga wa Sirius A, iliyo angavu karibu mara 9,000 zaidi, ulikuwa umemwagikia kwenye spektra yake. Thamani iliyopotoka ikalingana na makadirio ya nadharia ya wakati ule, ambayo nayo hayakuwa sahihi, na ikachukua miongo kadhaa kusahihishwa. Mwanga uliotawanyika wa nyota jirani bado ni adui namba moja wa anayepima mwenza hafifu.

Kibete cheupe kina densiti kiasi gani, na kwa nini hakiporomoki?

Sirius B ina masi ya Jua zima ndani ya tufe la nusukipenyo kilomita 5,600. Sentimita moja ya ujazo ina wastani wa tani 2.7. Uvutano wa usoni ni zaidi ya mara 400,000 ya ule wa Dunia.

Kinachoizuia isiporomoke si joto. Elektroni zimebanwa mpaka kanuni za kwanta haziziruhusu kukaribiana zaidi, na msukumo huo hautegemei joto, kwa hiyo nyota inaweza kupoa mabilioni ya miaka bila kusinyaa kwa kiasi cha kuonekana. Tabia yake ya ajabu ni kwamba ukiongeza masi, ukubwa unapungua. Linganisha: 40 Eridani B ina masi 0.57 na nusukipenyo 0.0131, Sirius B ina masi 1.02 na nusukipenyo 0.0081. Kwenye masi ya takriban 1.4 ya Jua, kikomo kilichohesabiwa na Subrahmanyan Chandrasekhar miaka ya 1930, msukumo huo unashindwa.

Spektra inatofautishaje aina hizi tatu?

Anza na mistari ya hidrojeni: nanomita 656.3, 486.1, 434.0 na 410.2. Katika A0V ni mirefu, imekolea, na inaendelea kuelekea urujuani mmoja baada ya mwingine, ukiweza kuhesabu zaidi ya kumi kabla haijaungana. Katika kibete cheupe cha aina ya DA ni hidrojeni hiyohiyo, lakini kila mstari umepanuka kama bonde, na baada ya mstari wa sita au wa saba hakuna kitu: mgandamizo umeifuta yote. Ukiona mistari michache, mipana kupita kiasi, na hakuna metali yoyote, umekutana na kibete cheupe.

Kati ya nyota za B na A, tazama heli. Mstari wa 447.1 wa heli ukiwa na nguvu kuliko wa magnesi wa 448.1, nyota iko kwenye B ya joto la kati au la juu. Kuelekea B8 na B9 inakaribiana, na ifikapo A0 heli imetoweka. Heli yenye ayoni kwenye 468.6 ni dalili ya aina ya O au nyota ya sdO, ndugu wa sdB mwenye joto zaidi.

Nyota ya sdB huchanganya watu. Mistari yake ya hidrojeni ni mipana kuliko ya B ya kawaida, myembamba kuliko ya kibete cheupe, na heli yake mara nyingi ni dhaifu kuliko joto linavyotaka, kwa sababu heli imezama chini ya hidrojeni. Kwenye spektra ya ubora mdogo inafanana sana na B ya kawaida. Paralaksi humaliza ubishi.

Spektra ya kibete cheupe hupewa namba inayotokana na joto: 50,400 kugawanya kwa kelvini. Sirius B, yenye kelvini karibu 25,400, ni DA2.

Kwa nini kibete cheupe kinaonekana kuwa hidrojeni tupu wakati ndani ni kaboni na oksijeni?

Uvutano mkali huchuja. Vitu vizito huzama, chepesi hubaki juu, na tabaka jembamba la hidrojeni, lisilozidi takriban sehemu moja ya elfu kumi ya masi yote, linatosha kuficha vyote vilivyo chini. Ukiona kalsi au chuma kwenye kibete cheupe cha joto, mara nyingi vimeingia karibuni kutoka nje: mabaki ya sayari ndogo yaliyosagwa na kuanguka.

Nyota yangu ya B ina mistari iliyofifia na kusambaa. Ni kibete?

Yamkini inazunguka kwa kasi tu. Nyota nyingi za B huzunguka kwa kilomita 200 hadi 300 kwa sekunde kwenye ikweta. Regulus, ya aina ya B8, humaliza mzunguko kwa saa 16 hivi na imebonyea ncha zake. Mzunguko hupanua mistari yote kwa kiwango kimoja, ikiwemo ya heli na magnesi, wakati uvutano hupanua hasa ile ya hidrojeni. Hivyo tazama mstari wa magnesi: ukiwa mpana nao, ni mzunguko.

Nyota inayozunguka hivyo haina joto moja. Ncha zina joto zaidi kuliko ikweta, na namba inayochapishwa ni wastani unaotegemea upande tunaoiona. Vega tunaiona karibu kabisa na ncha, ndiyo maana inaonekana angavu kidogo kuliko A0V ya kawaida. Ajabu kwa nyota iliyokuwa kipimo cha wengine.

Mwangaza wake unabadilika. Ni kosa langu?

Inategemea kipindi. B0 hadi B2 zinazopiga mapigo ya saa 2 hadi 8 ni za aina ya Beta Cephei. B3 hadi B9 zenye vipindi vya nusu siku hadi siku chache ni mapigo ya polepole. Kibete cheupe cha hidrojeni kati ya kelvini 10,500 na 12,500 hivi hutikisika kwa sekunde 100 hadi 1,400. Badiliko linalofuata kupanda na kushuka kwa nyota angani, ukilipata kila usiku kwa umbo lilelile, si la nyota bali la angahewa.

Umri?

Kwa safu kuu unapata kikomo tu, yaani urefu wa maisha yake: gawanya masi kwa mng'aro na zidisha kwa miaka bilioni 10. A0V yenye masi 2.3 na mng'aro 39 inapata takriban miaka milioni 600. Kwa B ya juu ni makumi ya milioni, hivyo nyota ya B iliyo mbali sana na bapa la galaksi inastahili kushukiwa: ama ilitupwa kutoka ilipozaliwa, ama si B ya kawaida bali sdB.

Kibete cheupe kina umri wa sehemu mbili: maisha ya nyota mama na muda wa kupoa. Joto hueleza sehemu ya pili tu. Sirius B imekuwa ikipoa kwa zaidi kidogo ya miaka milioni 100, na nyota mama ilikuwa na masi ya 5 hadi 6 za Jua.

Naweza kuona kibete cheupe mwenyewe?

Ndiyo, na usianze na Sirius B. Anza na 40 Eridani B. Iko sekunde 83 za tao kutoka kwa nyota A ya magnitudo 4.4, pengo kubwa kiasi cha kutohitaji ustadi. Darubini ya milimita 80 chini ya anga jeusi inatosha. Ukiwa na milimita 150 utaona pia C, kibete chekundu cha magnitudo 11, kando ya B.

Sirius B ina magnitudo 8.4 na ingeonekana kwa binokula kama isingekuwa kando ya nyota angavu kuliko zote usiku. Pengo hutembea kati ya sekunde 3 na 11 katika miaka 50, na miaka hii liko karibu na upeo wake. Tumia sentimita 20 au zaidi, ukuzaji wa mara 250 na kuendelea, darubini iliyopoa saa nzima nje, na usiku ambao Sirius imetulia. Ikiwa darubini ina mikono inayoshika kioo cha pili, zungusha bomba hadi miale ya mikono isipite upande wa B. Kipande chembamba cha karatasi ya alumini kilichobandikwa kwenye fokasi ya jicho-lenzi kuifunika A husaidia kuliko kichujio chochote.

Nikitaka kupima B−V kwa kamera, nizingatie nini?

Piga picha kwa vichujio vya B na V kwa kupokezana, usimalize zote za kimoja ndipo uanze kingine. Anga hubadilika katikati. Muda wa kila picha uwe wa kutosha kufikisha uwiano wa ishara na kelele wa 100, ambao ni kosa la magnitudo 0.01, huku nyota ikibaki chini ya theluthi mbili ya kikomo cha kihisi.

Nyota za kulinganishia ndizo huharibu kazi ya wengi. Eneo lenye nyota moja ya buluu huwa limejaa za njano, na angahewa hunyonya buluu zaidi kuliko njano, hata ndani ya kichujio kimoja cha B. Nyota ya buluu ikilinganishwa na ya njano itapata makosa yanayokua kadiri inavyoshuka. Chagua za kulinganishia zenye B−V chini ya 0.3, hata kama ni mbili tu, na usipime nyota ikiwa chini ya nyuzi 30 juu ya upeo wa macho. Kama hakuna za buluu karibu, pima eneo la nyota sanifu usiku huohuo, upate kigezo cha rangi cha kamera yako, ndipo urekebishe.

Kamera ya kawaida isiyo na vichujio maalumu: chaneli ya kijani inakaribia V vya kutosha, ila chaneli ya buluu haifanani na B, na kwa nyota hizi haitakupa joto la kuaminika.